Kilima cha Saba
Sehemu ya tano: Mgeni mwenye picha ya mume wangu

Jumanne ile mume wangu Velichko alitoka nyumbani saa tatu na nusu asubuhi. Akasahau mwavuli, akarudi kuuchukua, akatoka tena. Mara ya pili hakurudi.

Hiyo ilikuwa Machi. Wiki iliyopita, msomaji, nilikuacha katika Aprili, siku ya thelathini na tisa ya msiba. Nilikuwa nimefungua mlango, kitambaa cheusi cha msiba kikining'inia juu ya mlango, na mbele yangu alisimama mwanamke nisiyemjua. Mrefu, nywele nyeupe fupi, viatu vya kutembelea. Mkononi alishika picha ya mume wangu. Alikuwa ameibandua ukutani na gundi ilikuwa haijakauka.

"Namtafuta mwanamume huyu," alisema kwa Kijerumani. "Aliniahidi."

Nilishika ubao wa mlango.

"Alikuahidi nini?"

"Kilima cha saba."

Nilikuwa nimejiandaa kusikia pete. Nilikuwa nimejiandaa hata kusikia mtoto. Kwa kilima sikuwa nimejiandaa.

"Ni mwongozaji wangu, Bwana Velichko," akaendelea, uso umemchangamka. "Nimetoka posta nikifuata picha zake. Moja, nyingine, nyingine, mpaka hapa mlangoni. Nikasema, kumbe sasa amekuwa mtu maarufu! Hapa ndipo ofisini kwake?"

Hapo ndipo nilipoelewa.

Kwetu Plovdiv mtu akifa tunabandika karatasi yenye picha, jina, umri na majina ya waliobaki. Inabandikwa mlangoni, kanisani, kwenye nguzo ya taa, na pale marehemu alipokuwa akifanya kazi. Ikifika arobaini, tunabandika nyingine. Velichko alifanya kazi barabarani, akitembeza wageni kwa miguu. Kwa hiyo nilichukua daftari lake, nikabandika kila mahali alipokuwa akisimama nao, kutoka posta hadi mlangoni kwetu.

Mgeni huyu hakujua kusoma herufi zetu. Alidhani ni matangazo ya biashara.

Neno lililohitajika lilikuwa moja tu, nami nilikuwa nalijua. Kijerumani changu nilikipata katika hoteli moja ya pwani, miaka kumi na miwili nikitandika vitanda. Nilijua shuka, taulo, maji ya moto, samahani, nzuri sana. Na hilo la kufa nililijua pia. Mazungumzo haya nayaandika yakiwa yamenyooka. Siku ile upande wangu yalitoka yamepinda kama misumari ya kuokota.

Nikafungua kinywa nimwambie.

"Kifua chake kinaendeleaje?" akauliza. "Siku ile alikuwa anahema sana kwenye ngazi."

"Siku ipi?"

"Machi. Jumanne. Alikuwa na mwavuli, na mvua haikunyesha."

Kinywa kikajifunga chenyewe.

Daftari la Velichko, ukurasa wa Jumanne ile, lilikuwa na mstari mmoja: *Saa nne. Mtu mmoja. Matembezi marefu.* Bila jina. Walimkuta saa saba na nusu kwenye ngazi za lango la kale, ameketi, kofia magotini. Waliomkuta walidhani amesinzia. Siku thelathini na tisa nilikuwa namtafuta huyo mtu mmoja, nimwulize swali moja: je, alikufa peke yake?

Na hapa alikuwa amenijia mwenyewe, akiniuliza habari za kifua.

Ningemwambia ukweli, angelia, angeomba radhi, angekimbilia hotelini kwake. Wageni wanaogopa msiba wa watu. Ndiyo maana nikasema uongo wa kwanza.

"Leo hayupo. Nitakutembeza mimi."

Nilipogeuka kuchukua mwavuli, niliona jambo dogo. Ng'ambo ya mtaa, jirani yangu Kina alifunga pazia. Kina, ambaye kengele ya mlango wa mtu yeyote ikilia hutoa kichwa nje mpaka mabegani! Kina, aliyekuwa akiniletea supu kila siku tangu mazishi, bila kuruka hata moja!

Nikasema moyoni, labda anapika. Nikafunga mlango.

* * *

Aliitwa Gerlinde, wa mji wa Kassel. Alitaka tuanzie posta, kama mara ya kwanza.

Nilisimama pale, mwavuli mkononi, nikakohoa.

"Karibu Plovdiv, mji wa vilima saba. Mji huu ni mzee. Mzee sana. Nzuri sana."

Gerlinde alingoja.

"Yeye alianza na swali," alisema kwa upole.

"Swali gani?"

"Aliniuliza, 'Mama, una haraka?' Nikasema kidogo, basi letu linaondoka saa saba. Akasema, 'Mji huu una maelfu ya miaka. Wewe una haraka ya kwenda wapi?'"

Nilicheka, na kicheko kikanitisha. Sikuwa nimekisikia tangu Machi. Hilo ndilo neno alilokuwa akinijibu kila asubuhi nilipomwambia atoe takataka.

"Wewe ni nani wake?" Gerlinde akauliza.

"Mke wake."

"Mke! Basi umeshatembea naye mara elfu."

"Mara nyingi," nikasema. Uongo wa pili.

Msomaji, wewe nitakwambia. Miaka thelathini na mmoja Velichko alitembeza watu wa dunia nzima, mmoja mmoja au wawili wawili, kwa kuwa makundi hakuyapenda. Kila majira ya maua aliniambia, "Snezhe, njoo nasi leo. Mteja ni mmoja tu, tena mpole." Nami nilisema kesho. Kuna nguo za kufua. Kuna pilipili hoho za kuchoma na kutia chupani. Kesho.

Sikuwahi kwenda. Hata mara moja.

Tukaanza kutembea.

Kwenye uwanja wa msikiti, pale palipochimbwa na mawe ya Warumi yanaonekana chini, nilisimama kwa sababu daftari lilisema asimame.

"Msikiti," nikasema. "Chini, uwanja wa mbio wa Warumi."

"Ndiyo," alisema Gerlinde. "Yeye alisema, 'Kule chini walikuwa wakikimbia. Huku juu wanakunywa kahawa. Sasa niambie, waliokimbia wako wapi?'"

Alilisema kwa sauti ya Velichko, mikono nyuma, kidevu juu. Alimpatia kabisa. Nilitazama pembeni.

Mwenye mkahawa akatoka na sinia. "Mama Snezhana! Mungu amrehemu mzee wetu. Kesho tutakuja wote makaburini."

"Amesema nini?" Gerlinde akauliza.

"Amesema karibu kahawa."

Hatua ishirini mbele, bibi mmoja alisimama mbele ya picha ya Velichko kwenye nguzo, akapiga ishara ya msalaba, akaendelea na safari yake.

"Wanamheshimu mno!" Gerlinde alishangaa. Akasogea, akaweka kidole kwenye namba kubwa juu ya karatasi. "Arobaini. Miaka arobaini ya kazi?"

"Arobaini, ndiyo."

"Kutakuwa na sherehe?"

"Kesho."

"Basi nitakuja! Nilete nini? Maua?"

"Maua," nikasema. "Idadi isiyo witiri."

Kwetu maua ya walio hai ndiyo witiri, matatu au matano; ya wafu ni shufwa, mawili au manne. Hakujua. Alichukua kalamu akaandika kwenye kiganja asije akasahau.

Tukapanda mtaa wa kanisa kuu. Kila nilipoanza kusema, yeye alimalizia. Dirisha lililotokeza juu ya njia: "Yeye alisema, nyumba za huku zinanong'onezana, ndiyo maana hakuna siri." Duka la picha: "Yeye alisema usinunue hapa, nunua pale mbele, kisha akaninong'oneza kwamba pale mbele ni kwa binamu yake." Ukuta wenye ufa: "Hapa alinyamaza. Nilimwuliza kwa nini. Akasema, 'Hapa nilimwona mke wangu mara ya kwanza, ameshika sanduku la nyanya. Mahali hapa sipaelezi.'"

Nilitazama ule ukuta.

Sanduku la nyanya nalikumbuka. Lilinikwaruza mikono. Lakini ningesema ilikuwa kule karibu na hamamu, mtaa mwingine kabisa. Miaka yote hiyo nilikuwa nimekosea, na Mjerumani ndiye aliyekuja kunisahihisha.

"Umechoka?" Gerlinde akauliza.

"Vumbi," nikasema.

Aliniachia nafasi. Halafu akaanza kusema ya kwake, macho mbele, kama watu wanavyosema ya kwao wakiwa wanatembea.

"Mwishoni aliniuliza, 'Matembezi haya utamsimulia nani nyumbani?' Nikasema hakuna. Mume nilishamzika, mtoto sikupata, paka alikufa wakati wa Krismasi. Aliona haya kuniuliza. Akasema, 'Basi rudi. Nimekubakizia kilima cha saba makusudi. Siku hiyo nitamleta mke wangu, umsimulie yeye. Ananiambia kesho tangu tuoane.'"

Alisimama.

"Lakini wewe umesema umetembea naye mara nyingi."

Nikatangulia mbele. Hakuniuliza tena. Tulipanda hatua kama hamsini hivi, mwavuli ukigonga mawe.

* * *

Lango la kale. Ngazi.

Juu ya ngazi kuna mti mmoja mkongwe wa mlozi uliojiotea ukutani. Machi huwa mweupe wote kwa maua. Sasa ulikuwa kijani, na matawini zilining'inia nyuzi nyekundu na nyeupe, makumi kwa makumi.

Gerlinde alishuka ngazi tatu, akagusa ya nne.

"Hapa ndipo nilipomwacha," alisema.

"Hapa ndipo walipomkuta," nikasema.

Aligeuka.

Sikuhitaji kusema zaidi. Alitazama mavazi yangu meusi, aliyokuwa ameyaona asubuhi nzima bila kuyaona. Akatazama karatasi aliyoikunja mkononi, ile namba arobaini. Ungeona kabisa kichwani mwake picha zote za njiani zikigeuka moja baada ya nyingine, kutoka posta hadi mlangoni.

"Nimebandua..." alisema. "Mungu wangu. Nimeibandua ukutani."

"Nitabandika nyingine. Nilichapisha hamsini."

"Nimekuuliza habari za sherehe!"

"Gerlinde," nikamshika mkono, kwa sababu niliona anataka kukimbia, na nilikuwa nimemtafuta siku thelathini na tisa. "Utalia baadaye. Nijibu kwanza. Ulimwacha peke yake?"

"Hapana!" alisema upesi, tena kwa sauti. "Hapana, nisingemwacha. Basi langu lilikuwa linaondoka, lakini alikuwa anahema, nikakataa kwenda. Halafu akaja mwanamke. Walijuana. Aliketi karibu naye, akanipungia mkono, nenda, nenda, niko naye. Yeye pia akasema nenda. Walikuwa wanacheka."

"Walikuwa wanacheka?"

"Ndiyo. Ndipo nikaenda."

Nilikaa kwenye ngazi. Ile ya nne.

Hakuwa peke yake. Alikuwa na mtu, na walikuwa wanacheka. Siku thelathini na tisa nililala upande wangu wa kitanda nikimwona peke yake, peke yake, peke yake. Ningeweza kumbusu yule Mjerumani.

"Na uzi?" nikauliza. "Alikuwa na uzi mkononi."

Siku ya kwanza ya Machi kila mtu kwetu hufungwa uzi mwekundu na mweupe kifundoni mwa mkono, na hauvuliwi mpaka uone korongo au mti uliochanua. Ukiona kimojawapo, unauvua uzi na kuufunga mtini. Wa Velichko niliusokota mimi, nikatia ushanga mmoja wa buluu dhidi ya jicho baya. Niliporudishiwa vitu vyake vilikuwemo saa, funguo, kofia na mwavuli. Uzi haukuwemo. Hilo nalo lilikuwa limeninyima usingizi.

Gerlinde alinyoosha kidole juu.

"Aliufunga mwenyewe. Alijinyoosha sana, nikamwambia aache. Akasema tawi la chini ni la watoto."

Nilipanda ngazi mbili, nikashika tawi. Nilikuwa nimepita pale mara sita tangu Machi, na mara zote sita nilitazama ngazi. Ushanga wa buluu ulikuwa umekaa juu ya kichwa changu tu. Uzi umepauka kwa mvua, lakini fundo lake lilikuwa palepale.

Sikuufungua. Uliofungwa mtini hauondolewi.

Gerlinde alipenga kamasi. Kisha akauliza, kwa sauti ndogo kama mtoto anayeogopa kwamba si wakati wake:

"Na kilima cha saba? Kiko wapi? Nimehesabu sita tu."

Hapo, msomaji, ndipo palipokuwa mahali pa kwanza asubuhi ile ambapo mimi nilijua na yeye hakujua. Mtoto yeyote wa Plovdiv anajua.

Nikaugonga mwavuli juu ya jiwe la barabara.

"Unakikanyaga," nikamwambia. "Walikivunja, wakachonga mawe haya. Tangu posta unatembea juu yake. Pale kilipokuwa sasa kuna maduka."

Gerlinde alitazama miguu yake muda mrefu. Kisha akasogea pembeni, kwenye udongo, kama mtu aliyekanyaga mkeka wa watu na viatu.

* * *

Tulirudi taratibu, tumeshikana mikono kama wanafunzi. Moyo wangu ulikuwa mwepesi. Swali lilikuwa limebaki moja, tena zuri: ni nani huyo aliyemchekesha mume wangu mwisho? Nilitaka kumshukuru. Nilitaka kesho akae karibu nami makaburini, mbele, kwenye nafasi ya ndugu.

Kwa nini tu hakujitokeza siku zote hizo?

Ilikuwa saa nane. Kina alikuwa anatoka kwangu, sufuria mkononi, amekuta nimefunga.

"Snezhe, ulikuwa wapi, wewe nawe? Nimegonga mpaka vidole vimeuma. Supu ya kuku, usiache ipoe, na ukisema tena huna njaa nakulisha kwa kijiko kama..."

Akamwona Gerlinde. Neno likakatika.

Gerlinde akafungua mikono yote miwili. "Ni wewe!" alisema. "Ni yeye, Snezhana! Mama wa mkoba wa kijani!"

Mkoba wa kijani ulikuwa umening'inia kiwikoni kwa Kina, kama siku zote.

"Dada Kina," nikasema, "mgeni anakusalimu."

"Simjui."

"Yeye anakujua."

"Ah, hawa Wajerumani wanatuona sote sura moja. Shika supu yako."

"Dada Kina."

Kina aliketi kwenye kizingiti changu, chini ya kitambaa cheusi, sufuria magotini. Miaka ishirini na sita ya ujirani sikuwahi kumwona ameketi bila kusema.

"Ulikuwa naye?" nikauliza.

"Nilikuwa naye."

"Siku thelathini na tisa unaniletea supu. Ninakuuliza kila siku, Kina, ni nani alikuwa naye? Na wewe unasema, kula."

"Nilitaka ule."

"Ulikuwa naye mpaka mwisho?"

Alitazama kifuniko cha sufuria.

"Kina!"

"Aliomba maji," alisema. "Tulikuwa tunamcheka yule mkwe wangu, akashika kifua, akasema, 'Kina, niletee maji.' Nikasimama upesi. Akanicheka. Akasema, 'Usikimbie, utavunja mguu. Mji huu una maelfu ya miaka.' Nikaenda bombani. Njiani nikamkuta yule muuza vitabu vya zamani. Akasema, 'Kina, kahawa imechemka sasa hivi, kaa kidogo.'"

"Ukakaa?"

"Snezhe."

"Ukakaa?"

"Kikombe kimoja."

Nitakwambia kikombe kimoja cha Plovdiv ni nini. Sisi tunasifika nchi nzima kwa kutokuwa na haraka, tena tunajivunia. Kwetu anayetumwa maji hurudi na habari za mtaa mzima, na hakuna anayemkasirikia. Kikombe kimoja cha Plovdiv ni muda wa watu wawili kuzungumza mpaka chini libaki tope na tope likauke.

"Niliporudi watu walikuwa wamejaa," Kina alisema. "Chupa ya maji mkononi. Hakuna aliyenitazama. Nikageuka, nikapita njia ya chini. Mpaka leo napita njia ya chini."

Basi alikuwa peke yake. Nilikuwa nimempatia mwenzake kwa saa moja tu, kutoka kwenye mlozi hadi mlangoni kwangu, na sasa alikuwa peke yake tena kwenye ngazi ya nne, akiitazama njia ya bombani.

Gerlinde, asiyeelewa hata neno, alitutazama mmoja baada ya mwingine. Tabasamu lake lilikuwa limekwisha.

Nilitaka kupiga kelele. Sauti iliyotoka ilikuwa ya kawaida kabisa.

"Nenda nyumbani, Kina."

Alisimama. Akaweka sufuria kizingitini. Alivuka nusu ya mtaa, akasimama katikati, mgongo kwangu.

"Kuna neno alinipa," alisema bila kugeuka. "Kabla sijaenda kuchukua maji. Alisema, 'Ukimwona Snezhana kabla yangu, mwambie...'"

"Usiseme!"

"Snezhe, nimelibeba siku thelathini na..."

"Nimesema usiseme!"

Akaingia kwake. Pazia likabaki limefungwa.

Gerlinde alinishika bega. "Amesema nini?"

Mara hii sikuwa na uongo tayari. "Amesema ana neno kutoka kwa mume wangu."

"Na hulitaki?"

Nilitafuta maneno ya kumwambia katika Kijerumani cha shuka na taulo. Kwamba asubuhi nzima amenipa maneno ya Velichko nisiyowahi kuyasikia, la posta, la uwanjani, la ukuta wa nyanya, na kila moja lilikuwa kana kwamba ameingia chumbani. Kwamba hili la Kina ndilo lililobaki. Nikilisikia, hatakuwa na jipya tena la kuniambia.

Nilisema tu: "Ni moja tu."

Akaelewa. Aliwahi kufiwa.

Nilimwelekeza njia ya makaburini, saa tatu na nusu, nikamwambia avae viatu vilevile. Maua aliuliza tena, akifuta kiganja. Shufwa, nikamwambia, ulichoandika ni sahihi.

Nilipoingia ndani niliipakua supu, nikala yote nikiwa nimesimama. Kisha nikachemsha ngano ya arobaini, ile tunayogawa makaburini, nikatia sukari na jozi.

Kwetu chombo cha jirani hakirudishwi kitupu. Niliiosha sufuria ya Kina, nikaijaza ngano, nikaifunika kwa kitambaa safi.

Kutoka mlangoni kwangu hadi kwake ni hatua kumi na nne. Kesho yake, kabla ya kwenda makaburini, sufuria ilikuwa lazima irudi kwa mwenyewe.